CHETI CHA CHANJO NI SHAHADA

  

Ndugu zetu Waislamu, mwezi uliopita, baada ya darsa ya alasiri hapa Maore, mzee mmoja katika jamaa ya msikiti wetu alibaki nyuma wenzake walipotawanyika. Allah amemjaalia kukamilisha fedha ya Hija baada ya kuuza mpunga wa misimu kadhaa na kipande cha shamba. Alitusogelea, akauliza kwa sauti ya chini: "Ustadhi, nimeambiwa ile kadi ya manjano ya chanjo yaweza kupatikana bila ya kuchomwa sindano, mtu akitoa kitu kidogo. Sindano inanitia hofu, na umri wangu mnaujua. Je, Hija yangu itakuwa na kasoro?"

Hatukumjibu papo hapo. Tulimwomba atupe siku tatu. Si kwamba mas-ala yenyewe ni mazito kwa mwenye kusoma, bali swali lile lilitukumbusha jingine la mwaka 2021, ambalo tulilijibu vibaya. Au tuseme kweli, hatukulijibu kabisa.

Mwaka ule kijana mmoja aliyesoma madrasa yetu tangu juzuu ya Amma alikuja kutuaga. Alikuwa anakwenda Ghuba kutafuta riziki. Akatueleza, tena kwa furaha, kwamba amekwisha pata cheti cha chanjo ya korona bila ya kuchanjwa, kwani kuna mtu mjini aliyemtengenezea. Nasi tukafanya nini? Tukacheka pamoja naye, tukamwombea safari njema. Ijumaa iliyofuata tulipanda mimbari tukakemea ushahidi wa uwongo katika kesi za mipaka ya mashamba, tukaikemea kwa ukali hasa. Haikutupitikia kwamba tulikuwa tumeubariki ushahidi wa uwongo siku nne tu kabla yake.

Makala haya ni jibu la swali la mzee wetu, na pia ni jibu lililochelewa la kijana yule.

Tuanze na mjadala ulivyokuwa. Maradhi ya korona yalipoingia nchini mwezi wa Machi 2020, watu waligawanyika makundi, na misikiti nayo ikagawanyika. Wapo waliosema kwamba mwenye kusali swala tano kwa jamaa hapatwi. Wapo waliosema kwamba mwenye kuacha nafasi katika safu ameikhalifu Sunna. Serikali iliacha nyumba za ibada wazi, ikatangaza siku tatu za maombi mwezi wa Aprili 2020, na baada ya tarehe 29 ya mwezi huo haikutoa tena hesabu za wagonjwa kwa muda mrefu. Hesabu ya mwisho iliyobaki vichwani mwa watu ilikuwa wagonjwa 509 na vifo 21. Mwezi wa Januari 2021 Rais Magufuli, akiwa Chato, alizitilia shaka chanjo za kigeni hadharani. Yeye alifariki mwezi wa Machi, na mrithi wake, Rais Samia Suluhu Hassan, aliunda kamati ya wataalamu, kisha tarehe 28 Julai 2021 akachanjwa mbele ya watu na kuizindua chanjo. Dozi za mwanzo, za Johnson & Johnson, zilizidi milioni moja kidogo, na serikali ikasema wazi kwamba kuchanja ni hiari.

Hiari ilikuwa ndani ya nchi. Aliyetaka kuvuka mpaka aliikuta habari nyingine. Huko Ulaya na Ghuba, na hata kwa jirani zetu Kenya, hoja haikuwa tena kama chanjo inafaa, bali ni mlango gani ufungwe kwa asiyekuwa na karatasi. Hapo ndipo ulipozuka ule mjadala wa pasi za chanjo. Mmoja akisema mwili ni wake na haulazimishwi. Wa pili akijibu kwamba pumzi yake inaingia katika pafu la mwenziwe. Kwa miezi mingi wawili hao walipigiana kelele, na kila mmoja alikuwa na sehemu ya haki.

Sisi tunaona kwamba Mwislamu ana swali linalotangulia hayo yote. Karatasi ile ni nini kisheria? Ni shahada. Ni mtu kusimama mbele ya watu asiowajua, mlangoni mwa ndege au kwenye geti la Hija, na kushuhudia kuhusu nafsi yake kwamba jambo fulani limemtokea siku fulani. Aliyetia mhuri ni shahidi wa pili. Basi mwenye kununua karatasi ameshuhudia uwongo, na aliyemuuzia ameshuhudia uwongo kisha akala rushwa juu yake. Imani ya mtu kuhusu chanjo haibadilishi hukumu hii hata chembe. Mwenye kuamini kuwa chanjo ni sumu, na mwenye kuamini kuwa ni rehma, wote wawili wamekatazwa kusema "nimechanjwa" ilhali hawakuchanjwa.

Tunajua katika Hadithi sahihi kwamba Mtume (S.A.W.) alipokuwa akiwatajia masahaba madhambi makubwa kabisa alikuwa ameegemea, alipofika kwenye ushahidi wa uwongo akakaa sawasawa, akaukariri mpaka masahaba wakatamani laiti angenyamaza. Na katika Surat An-Nisaa, aya ya 135, tumeamrishwa kusimamisha uadilifu na kutoa ushahidi kwa ajili ya Allah hata ukiwa dhidi ya nafsi zetu. Ama amri ya kujiepusha na kauli ya uwongo, ni wapi ilipowekwa? Iko katika Surat Al-Hajj, aya ya 30, katikati ya maneno ya Hija yenyewe. Mzee wetu na aizingatie mahali hapo.

Watu watauliza: je, serikali au nchi ina haki gani ya kudai ushahidi huo? Hapa tunapaswa kurudi kwenye tauni ya Amwas, katika mwaka wa 18 Hijria, kwani kisa chake husomwa nusu nusu siku hizi. Sayyidna Umar (R.A.) alitoka Madina kwenda Sham. Alipofika Sargh akapokelewa na Abu Ubayda ibn al-Jarrah (R.A.) na makamanda wengine kwa habari kwamba tauni imeingia Sham. Umar hakuamua peke yake. Akawaita Muhajirina, wakakhitalifiana. Akawaita Ansari, nao wakakhitalifiana. Akawaita wazee wa Kikureshi, wakamshauri arudi na watu. Alipotangaza kurudi, Abu Ubayda alimuuliza kama anaikimbia qadar ya Allah, naye akajibu kwamba wanaikimbia qadar ya Allah kuiendea qadar ya Allah. Kisha akaja Abdurrahman ibn Auf (R.A.) na elimu ambayo wengine hawakuwa nayo: kwamba Mtume (S.A.W.) alikataza kuingia katika nchi yenye tauni na akakataza kutoka humo kwa kuikimbia. Umar akamshukuru Allah, akarudi.

Abu Ubayda alibaki na askari wake, akafa kwa tauni ile. Akafa na Muadh ibn Jabal (R.A.). Ni Amr ibn al-As (R.A.) aliyewaamrisha watu watawanyike milimani, naye akapingwa, kisha maradhi yakaondoka. Sisi wa chini ya milima ya Upare tunaelewa maana ya kupanda mlimani: hewa, nafasi, nyumba zilizo mbali mbali. Waliompinga Amr hawakuwa watu duni wa imani, na Amr naye hakuwa.

Tazameni jambo ambalo mara nyingi hatulitazami. Ile amri ya kutoingia wala kutoka haikuwa na mlinzi wala lango, haikuwa na mhuri. Alikabidhiwa kila mtu na dhamiri yake. Aliyekuwa ndani alijizuia kutoka ingawa alitamani kuokoa roho yake, kwa ajili ya watu wa mji mwingine asiowajua. Huo ndio wajibu wa mtu binafsi katika maradhi ya kuambukiza, na ulitangulia karatasi kwa karne nyingi. Karatasi imekuja kuziba pengo la uaminifu uliopotea. Ndiyo maana karatasi ya uwongo haizibi kitu chochote. Inalipanua pengo lile lile.

Tuliliona hilo karibu na kwetu. Mwezi wa Mei 2020 Kenya ilifunga mpaka wake na Tanzania isipokuwa kwa mizigo, na madereva wa malori wakatakiwa kuwa na vyeti vya vipimo. Namanga na Holili malori yakapanga foleni ndefu. Upande huu haukuviamini vipimo vya upande ule, na ule haukuviamini vya huku. Dereva aliyekuwa na karatasi mkononi alisimama na shehena yake kama asiyekuwa nayo. Shahada ambayo hakimu haamini mashahidi wake haina uzito, na hapo hakimu alikuwa ni serikali mbili zilizopoteza kuaminiana. Nchi iliyoacha kutoa hesabu za wagonjwa wake isishangae karatasi zake zikitiliwa shaka. Tunalisema hili kwa masikitiko wala si kwa kejeli, maana viongozi nao ni mashahidi juu yetu, na kunyamaza kwa anayejua ni kuficha ushahidi, jambo ambalo Qur'an imelikataza katika Surat Al-Baqara, aya ya 283.

Kwa upande mwingine, yupo mtu wa umma aliyeshuhudia kuhusu nafsi yake wakati ambapo wengi walikuwa wakinyamaza. Mwishoni mwa Januari 2021 chama cha ACT-Wazalendo kilitangaza kwamba Maalim Seif Sharif Hamad, aliyekuwa Makamu wa Kwanza wa Rais wa Zanzibar, ameambukizwa korona. Watu wa karibu naye wakajua, wakajihadhari. Alifariki tarehe 17 Februari 2021. Mtu anaweza kukubaliana au kutokubaliana naye katika siasa. Sisi hatuandiki siasa hapa. Tunasema tu kwamba tangazo lile lilikuwa ni shahada ya kweli, na pengine lilimwokoa mtu.

Katika msikiti wetu haikuwa hivyo. Mwanzoni mwa mwaka ule ule tulimzika mzee aliyekuwa akitangulia safu ya kwanza kwa miaka mingi. Alikohoa wiki mbili, akashindwa kupumua. Hatusemi kwamba aliuawa na korona, kwa sababu hakupimwa, na kusema tusilolijua nako ni ushahidi wa uwongo. Lakini tunajua kwamba katika wiki zile wawili au watatu walikuja jamaa wakiwa na homa, wakajificha kwa vikohozi vya kushikilia, kwa kuona haya kusema. Na sisi maimamu na walimu ndio tuliowafundisha haya ile, pale tuliposema kwamba maradhi ni dalili ya upungufu wa taqwa. Tulikosea. Mtume (S.A.W.) aliwazuia hata waliokula kitunguu saumu kibichi wasiukaribie msikiti kwa sababu ya harufu tu, na wanazuoni wakapitisha kwa kiasi hicho hukumu ya mwenye maradhi yanayowadhuru wenziwe. Kubaki nyumbani kwa mgonjwa ni ibada, na thawabu ya jamaa aliyoizoea haimpotei.

Turudi kwenye pasi. Je, yafaa kumzuia mtu mlangoni? Tunasema yafaa, kwa mpaka wake. Na mpaka wake tunaupata katika kisa kimoja kilichopokewa na Imam Muslim. Ulipokuja ujumbe wa Thaqif, kati yao alikuwamo mtu mwenye ukoma. Mtume (S.A.W.) alimpelekea ujumbe kwamba bai'a yake imekwisha pokewa, basi na arejee. Hakumshika mkono, wala hakumkaribisha katika kikao. Lakini bai'a yake aliipokea! Haki yake katika Uislamu haikupungua hata ncha ya sindano. Alitengwa mwili, hakutengwa haki.

Kwa kipimo hiki tunaweza kuzipima amri za wakati ule. Mwezi wa Novemba 2021 serikali ya Kenya ilitangaza kwamba kuanzia tarehe 21 Desemba asiyechanjwa hatahudumiwa katika ofisi za serikali, na masharti hayo yakagusa usafiri wa umma na hata kuwatembelea wagonjwa hospitalini. Wakati huo wengi wa watu wazima nchini humo walikuwa hawajakamilisha chanjo, na wengine haikuwafikia kabisa. Mahakama Kuu ikaisimamisha amri hiyo mwezi wa Desemba. Kwa maoni yetu mahakama iliiona haki. Kumnyima mtu hati yake kwa kukosa sindano ambayo hujamfikishia ni kumtenga haki kabla ya kumtenga mwili. Na masikini wa kijijini ndiye wa kwanza kuumia, kwani tajiri atachanjwa au atanunua karatasi.

Hija ni mlango wa namna nyingine. Hapo watu huja kwa hiari yao, kutoka kila pembe ya dunia, wakabanana Mina na Arafa kwa siku chache, kisha kila mmoja hurudi kwao na alichokibeba. Mwaka 2000 mahujaji walirudi na homa ya uti wa mgongo ya aina ya W135 na kuwaambukiza jamaa zao katika nchi kadhaa. Mlipuko mwingine ulikuwa umetangulia mwaka 1987. Ndipo Saudia ikadai chanjo inayokinga aina nne za vimelea vyake, nayo ichomwe siku zisizopungua 10 kabla ya kuwasili. Sharti hilo lilikuwapo kabla hatujalisikia neno korona, na linabaki mpaka leo. Sindano hiyo ndiyo inayoandikwa katika kadi ya mzee wetu.

Korona nayo ilikuja na masharti yake. Mwaka 2019 mahujaji walikuwa 2,489,406. Mwaka 2020 waliruhusiwa wachache mno waliokuwamo ndani ya Saudia. Mwaka 2021 wakawa takriban 60,000, wote wakazi wa huko waliochanjwa. Mwaka 2022 milango ikafunguliwa kwa wageni waliochanjwa, wenye umri chini ya miaka 65 na wenye cheti cha kipimo. Wako wazee wetu wa Upare waliovuka umri huo wakiwa na fedha mkononi, na wengine hawakuiona Al-Kaaba mpaka wakafa. Hili linaumiza, na hatutaki kulipitia juu juu. Allah anazijua nia zao.

Wakati ule, mtu aliyeingia dukani au ofisini Saudia alionyesha hali yake katika simu, kwa programu iitwayo Tawakkalna. Wasomaji wa Kiarabu watatabasamu: maana yake ni "tumetawakali". Kuna waliokasirika kwamba neno tukufu la tawakkul limebandikwa kwenye chombo cha ukaguzi. Sisi tulipolisikia tulikumbuka yule bedui wa Hadithi aliyeuliza kama amfunge ngamia wake au amwache na atawakali, akaambiwa amfunge kisha atawakali. Lakini tukiri pia kwamba kamba si ngamia. Cheti cha korona hakikushuhudia kwamba mwenye nacho hawezi kuambukiza. Baada ya kirusi cha Omicron kuenea mwishoni mwa 2021, waliochanjwa waliambukizwa kwa wingi, ingawa chanjo iliendelea kuwakinga wengi na maradhi makali na kifo. Chanjo ile ya Johnson & Johnson nayo ilihusishwa na kuganda damu kwa watu wachache mno. Aliyeuliza maswali haya hakuwa mpumbavu wala adui. Na masharti yale yalipopungukiwa na sababu, yaliondolewa mwaka 2022 na 2023, kama inavyopaswa kwa hukumu iliyojengwa juu ya dharura.

Ama wale waliosema kwamba sindano inabatilisha saumu au ina najisi, wanazuoni walikwisha lijibu hilo mapema. Baraza la Fatwa la Falme za Kiarabu liliruhusu mwezi wa Desemba 2020 hata kama kungekuwamo gelatini ya nguruwe, kwa kuzingatia dharura, na Mufti Mkuu wa Saudia wa wakati huo akasema mwaka 2021 kwamba chanjo haifunguzi, kwani si chakula wala kinywaji. Hatuna la kuongeza.

Baada ya siku tatu tulimjibu mzee wetu hivi. Nguzo za Hija zikitimia, Hija inasihi, hatuwezi kumwambia vinginevyo. Lakini atakuwa ameingia katika nyumba ya Allah kwa ushahidi wa uwongo, na ameitoa rushwa katika fedha aliyoisafisha kwa miaka ya jasho la mpunga. Na pale Mina atalala ubavuni mwa mtu wa Indonesia au wa Nigeria aliyemwamini kwa sababu ya karatasi ile. Kama anaogopa sindano, na amwone daktari, aeleze hofu yake na umri wake. Kama daktari atasema kwamba mwili wake hauwezi, hilo ni udhuru wa kweli na litaandikwa kama lilivyo. Wallahu aalam.

Alisikiliza mpaka mwisho, akasema: "Basi mngeniambia mapema, Ustadhi, ningekwisha chomwa." Jumatatu alipanda basi la alfajiri kwenda mjini, akarudi jioni akiwa na kadi yake na maumivu kidogo begani.

Jioni ile tulimpigia simu kijana wetu wa Ghuba. Alisema kwamba cheti chake kilikataliwa na mashine kazini wiki ya tatu, naye akaona haya, akaenda kuchanjwa huko huko. Kisha akatuuliza, kwa adabu, mbona siku ile alipokuja kutuaga sisi walimu wake tulicheka tu. Tulimwomba radhi.